Nilishinda kesi, wakakata rufaa, kisha wakanyamaza. Nifanyeje?

Wakili, salaam aleikum.

Mimi ni mama wa watoto watatu, fundi cherehani hapa Pwani. Mwaka 2018 nilikuwa nimesimama kando ya barabara na furushi langu la vitambaa, nangoja gari la kunirudisha nyumbani, matatu ikaacha njia ikanifuata nilipo. Mguu wa kulia ulivunjika mahali pawili. Nilitiwa chuma, na mpaka leo kimo humo humo. Mguu huo ndio niliokuwa nikikanyagia cherehani, kwa hiyo hasara yangu waweza kuipima mwenyewe. Siku hizi natumia mashine ya mota niliyoinunua kwa mkopo wa chama, na stima zikipotea kazi imelala.

Nilishtaki. Machi 2021 hakimu aliamua nilipwe shilingi 1,240,000 pamoja na riba na gharama za kesi. Ndani yake mna 180,000 za upasuaji wa kutoa chuma. Hata mwezi haukuisha, nikaambiwa wenye matatu wamekata rufaa Mahakama Kuu. Eti pesa ni nyingi mno kwa mguu uliokwisha kupona. Umepona! Waje waniulize wakati wa kusi, baridi ikianza, nalala vipi.

Baadaye wakili wangu alinipigia akasema mahakama imezuia nisilipwe mpaka rufaa iamuliwe, na kwamba wenzetu wameamriwa waweke pesa benki. Sikuelewa kama ni zote au nusu, na karatasi yenyewe sijaiona. Tangu hapo ni kimya. Nikipiga simu ofisini kwake karani hunipa jibu lile lile: "Mama, tunangoja mwenendo wa kesi uchapwe." Kuchapa gani huko kwa miaka? Hakimu mwenyewe ameshahamishwa.

Nyumbani kila mtu ana lake. Jirani yangu, mzee aliyewahi kufanya kazi serikalini, anasema rufaa ikipita mwaka bila kusikizwa hufa yenyewe, basi niende nikadai changu. Kijana wangu aliye Nairobi anataka nimwache wakili huyu, nitafute mwingine aombe rufaa itupwe. Mume wangu anasema tumwachie Mungu.

Naomba unijibu. Ni kweli rufaa hufa yenyewe? Naweza mimi kuomba itupiliwe mbali hali si mimi niliyeikata? Na wakili nimwache?

Fundi, Pwani

JIBU

Wa aleikum salaam dada yangu, na pole kwa mguu.

Nianze na jirani, maana ana nusu ya ukweli, na kwa mambo ya korti nusu hiyo ina hatari. Anachokumbuka kimo katika Kanuni za Mwenendo wa Kesi za Madai za Kenya za mwaka 2010, Agizo la 42, kanuni ya 35. Kanuni hiyo inasema kwamba ukipita mwaka mmoja tangu mjibu rufaa, yaani aliyekatiwa rufaa kama wewe, akabidhiwe hati ya sababu za rufaa, na rufaa haijapangiwa siku ya kusikizwa, msajili wa mahakama ataipeleka mbele ya jaji ili itupwe, baada ya kuwapa taarifa pande zote mbili. Tazama hatua zilizomo humo: msajili aifikie faili, atoe ilani, jaji awasikilize, kisha aandike amri. Jaji asipoandika amri hiyo rufaa ingali hai, hata ikikaa miaka kumi chini ya vumbi. Masjala zetu zina faili nyingi kuliko makarani, na faili isiyoulizwa na mtu haitafutwi. Kwa hiyo usiende kudai chochote kwa sababu eti mwaka umepita. Utarudishwa mlangoni.

Ila hapo si pa kuanzia. Pa kuanzia ni ile karatasi ambayo hujaiona, yaani amri ya kuzuia malipo.

Watu wengi hudhani rufaa ikikatwa tu malipo husimama. Sivyo. Kanuni ya 6 ya Agizo hilo hilo inasema wazi kwamba rufaa peke yake haizuii hukumu kutekelezwa. Anayetaka kuzuia lazima aombe, bila kuchelewa, na amridhishe jaji kwamba atapata hasara kubwa asipopewa zuio. Kisha lazima atoe dhamana. Dhamana katika kesi za ajali kama yako ndizo hizo pesa za benki: huwekwa katika akaunti ya pamoja kwa majina ya mawakili wa pande mbili, yenye kuzaa faida, na hakuna wakili awezaye kuzigusa bila sahihi ya mwenzake. Mara nyingi jaji hugawa, kwamba sehemu mlipwe nyinyi sasa na sehemu iwekwe. Na karibu kila mara huweka muda, siku 30 au 45.

Mwambie wakili wako akupe nakala ya amri hiyo. Haizidi kurasa mbili tatu. Usisome yale ya juu ya majina na tarehe, shuka chini kwenye masharti. Tafuta kiasi, tafuta idadi ya siku, halafu tafuta sentensi inayosema masharti yasipotimizwa zuio litaondoka lenyewe. Ukiipata sentensi hiyo, uliza swali moja tu: pesa ziliwekwa, na lini? Taka kuona taarifa ya benki. Nimeona mafaili ambamo mteja alikaa miaka akingoja rufaa iishe, kumbe upande wa pili haukuweka hata senti, na zuio lilishaanguka siku ya 46. Wakati wote huo mtu angeweza kupeleka dalali wa mahakama akamate mali ya mdaiwa.

Ikiwa ndivyo ilivyo kwako, njia ni fupi kuliko ulivyofikiri. Wakili ataomba utekelezaji kwa hati ya mahakama inayotaja kiasi unachodai, ile tunayoiita dikrii. Kwa kuwa zaidi ya mwaka umepita tangu hukumu, mdaiwa atapelekewa kwanza ilani ya kujieleza kwa nini asitekelezewe. Baada ya hapo dalali huorodhesha mali na kumpa siku saba. Usiogope kwamba umechelewa, kwani hukumu ya kulipwa pesa huishi miaka 12. Amri isipokuwa na ile sentensi ya kujiondoa yenyewe, itabidi mrudi kwa jaji kuomba zuio liondolewe kwa kuwa masharti yamevunjwa. Huo nao si mlima.

Sasa tuseme pesa ziliwekwa kama ilivyoamriwa, nusu au zote, na wenzako wametulia. Wana sababu ya kutulia. Jina kwenye rufaa ni la mwenye matatu, lakini anayeiendesha, na atakayelipa, kwa kawaida ni kampuni ya bima na mawakili wake. Pesa zao zinazaa benki. Kila mwaka unaopita ni mwaka wa wewe kuchoka na kukubali chochote.

Ndiyo, wewe mjibu rufaa unaweza kuomba itupwe. Lakini hapa pana mtego, na ndipo kijana wako na mawakili wasiosoma vizuri hunasa pamoja. Sehemu ya kwanza ya kanuni ya 35 inakupa ruhusa hiyo ikiwa miezi mitatu imepita tangu jaji atoe maelekezo ya rufaa na mkata rufaa hajaipanga isikizwe. Tangu maelekezo yatolewe, si tangu rufaa ikatwe. Maelekezo ni kikao kifupi ambapo jaji huhakikisha rekodi ya rufaa imekamilika: hati za madai, maelezo ya ushahidi aliyoandika hakimu, vielelezo, hukumu na dikrii. Kama mwenendo, yaani kumbukumbu za yaliyosemwa kortini mbele ya hakimu, haujachapwa, rekodi haiwezi kukamilika, na bila rekodi hakuna maelekezo. Majaji wamekataa maombi mengi ya namna hii kwa kusema yameletwa kabla ya wakati wake, na mleta maombi akaondoka na gharama juu.

Kwa hiyo kabla ya ombi lolote, fahamu faili imefika wapi. Nenda masjala ya Mahakama Kuu na namba ya rufaa, au mwombe wakili aangalie kwenye mfumo wa mtandaoni. Uliza kama faili ya hakimu imeshapelekwa juu, kama rekodi ya rufaa imewasilishwa, na kama maelekezo yametolewa. Ukiambiwa faili haionekani, andika barua, usiondoke na maneno matupu. Kuna ofisi ya Ombudsman wa Mahakama inayopokea malalamiko ya faili zilizopotea, na barua iliyogongwa muhuri wa kupokelewa ndiyo itakayokubeba huko.

Ikionekana maelekezo yalitolewa zamani, ombi la kutupa rufaa liko mikononi mwako. Ikionekana hayajatolewa, mwandikieni naibu msajili barua mkimkumbusha kwamba mwaka ulishapita tangu mpewe hati ya sababu za rufaa, na mkimwomba aipeleke kwa jaji chini ya sehemu ya pili ya kanuni hiyo. Ambatisheni ushahidi wa tarehe mliyokabidhiwa hati. Barua moja, ukurasa mmoja. Inashangaza ni faili ngapi huamka kwa barua ya namna hiyo.

Mbele ya jaji mambo hayaendi kwa kalenda pekee. Tangu kesi ya Ivita dhidi ya Kyumbu ya mwaka 1984, mahakama zetu hujiuliza kama ucheleweshaji ni wa muda mrefu na hauna udhuru, na hata ukiwa hivyo, kama haki bado inaweza kutendeka. Katiba nayo, kifungu cha 159, inavuta huku na huku: haki isicheleweshwe, lakini pia isitolewe kwa kujali mno ufundi wa taratibu. Mkata rufaa ataegemea hilo la pili. Na ngao yake utaisikia neno kwa neno, nakuapia: mwenendo haujachapwa, kosa ni la mahakama, sisi hatuna hatia.

Ngao hiyo hutobolewa kwa karatasi. Mkata rufaa wa kweli huomba mwenendo kwa barua mapema, hulipia, kisha hukumbusha. Barua ya kwanza iko wapi? Risiti ya malipo je? Barua za kukumbusha ni ngapi, na za lini? Ukikuta ni barua moja ya 2021 na baada yake hakuna kitu, huyo hakuwa akingoja mashine ya kuchapa. Na kuna jambo makarani hawalisemi kwa simu: mara nyingine mwenendo ulishachapwa zamani, umekaa kwenye rafu unangoja mtu aje alipe auchukue. Uliza masjala ya hakimu, tena muulize wewe mwenyewe.

Watasema pia kwamba hudhuriki kwa lolote kwa kuwa pesa ziko salama benki. Hapo ndipo chuma chako kinapoingia. Hakimu alikupa 180,000 za kukitoa, na kila siku zinapozuiliwa kinabaki mguuni. Nenda kwa daktari sasa, upate barua inayoeleza hali ya mguu, kwa nini kitolewe na gharama yake ya leo. Iambatishwe kwenye hati yako ya kiapo. Jaji anayesoma kwamba mkata rufaa anabishia kiasi tu, wala habishi kwamba gari lake lilikugonga, na huku mtu anatembea na chuma kilichopaswa kutolewa miaka iliyopita, hataona tena ni suala la tarehe. Hata rufaa isipotupwa, muombeni aruhusu angalau pesa za upasuaji zitoke.

Mimi, kwa yote niliyoona, nisingeng'ang'ania rufaa itupwe tu. Najua tamu yake. Lakini rufaa iliyotupwa bila kusikizwa hufufuliwa. Baada ya wiki mbili utaletewa ombi la kuirejesha, na kiapo cha wakili fulani anayeeleza jinsi msaidizi wake alivyoandika tarehe vibaya kwenye shajara, au ilani ilivyokwenda barua pepe ya zamani. Jaji akirejesha, mnaanza upya. Akikataa, wanaweza kupanda Mahakama ya Rufaa. Ningeomba mambo mawili kwa pamoja: itupwe, au isipotupwa mkata rufaa apewe siku 30 kuwasilisha rekodi, na akishindwa iwe imetupwa bila amri nyingine. Majaji huipenda amri hii kwa sababu haimfungii mtu mlango, na wewe inakufaa kwa sababu siku ya 31 hakuna tena wa kulaumu karani. Na wakiileta rekodi kwa wakati, vyema, isikizwe. Rufaa ya kiasi cha fidia huandikiwa hoja kurasa chache tu, na jaji hakibadilishi kiasi kwa sababu tu yeye angetoa kingine. Lazima aone hakimu alikosea kanuni, au alitoa kiasi kisichoeleweka kwa jeraha kama lako.

Wakili usimwache kwa hasira. Wajibu wa kuisukuma rufaa ni wa aliyeikata, kwa hiyo kwa kiasi fulani ni kweli kwamba wakili wako alikuwa akingoja. Kosa lake ni kungoja bila kukuonyesha karatasi. Nenda ofisini, usipige simu, uombe kuonana naye mwenyewe wala si karani, na umwachie maombi yako kwa maandishi: nakala ya amri ya zuio, taarifa ya akaunti ya pamoja, hati ya sababu za rufaa na barua zote. Mpe wiki mbili. Akikupuuza, badilisha, ila ufahamu kwamba baada ya hukumu kubadilisha wakili kunahitaji idhini ya mahakama au makubaliano ya maandishi kati ya anayetoka na anayeingia, na anayetoka atataka ada yake kwanza. Ndiyo maana mazungumzo ni nafuu. Kama huna uwezo wa wakili mwingine, Kituo Cha Sheria na Huduma ya Kitaifa ya Msaada wa Kisheria husaidia watu wa hali yako.

Neno kwa wasomaji walio upande wa pili, maana nao huniandikia. Kama wewe ndiye uliyekata rufaa kutoka kwa hakimu, siku 30 za kuiwasilisha ni mwanzo wa kazi. Omba mwenendo kwa barua siku ile ile, tunza risiti, na usikae kimya ukidhani korti itakuita. Ukipata ilani ya kuonyesha kwa nini rufaa isitupwe, fika. Na ikiwa imeshatupwa hukuwepo, kimbia na ombi la kuirejesha wiki hiyo hiyo, ukieleza kila kipindi cha ukimya wako. "Wakili wangu alinisahau" husikilizwa mara moja moja, lakini jaji atauliza wewe mwenyewe ulimkumbusha lini.

Turudi kwako, dada yangu. Barua za wakili wako zikianza kufika kule, usishangae simu ikilia na mtu wa upande wa bima akitaja kiasi "tumalize haya kirafiki." Usikubali kitu kwa simu. Mwambie aandike, na umpelekee wakili wako aandike karibu yake jumla ya unachodai leo: 1,240,000, riba tangu hukumu, gharama za kesi. Zikipungua kidogo na zinalipwa ndani ya mwezi, na mguu unataka upasuaji, waweza kukubali bila aibu. Zikiwa ni nusu, waambie tutaonana kwa jaji.

Ukipata ile nakala ya amri, niandikie tena unitajie kiasi, siku, na kama pana ile sentensi ya zuio kuondoka lenyewe. Majina na namba ya kesi usiniletee.